Mwongozo kamili: jinsi ya kupitia kazi za Katsuhiro Otomo, kuanzia manga mpaka filamu, hatua kwa hatua

Kila nikiona mtu anaanza na filamu ya Akira ya 1988 afu anaishia kusema michoro ni mikali ila stori haieleweki, naumia kweli, kwa sababu shida sio filamu na wala sio yeye, shida ni kwamba ameingilia katikati ya safari ya mtu. Katsuhiro Otomo ni mchoraji wa manga (vitabu vya katuni vya Kijapani) wa Japani ambae pia ni muongozaji wa filamu, za katuni na za watu wenyewe kabisa, na kazi yake imeshavuka miaka 50. Huyu jamaa alikuwa anaongoza filamu kwenye karatasi miaka kadhaa kabla hajakabidhiwa studio, na hilo huwezi kuliona mpaka umfuate kwa mpangilio.

Sasa huu mwongozo ni kwa watu wa aina mbili. Kuna wewe unaependa anime, yani filamu za katuni za Kijapani, na unataka kumuelewa Otomo vizuri, na kuna wewe unaechora katuni zako kwenye daftari au kwenye tableti huku ndoto yako ni siku moja uongoze filamu. Wote njia ni moja, ila wa pili kuna kazi ya mikono nimemuwekea mwishoni. Na kabla hatujaanza, kazi zake nyingi zina damu na ukatili, sio za kuwekea watoto sebuleni eti kwa sababu ni katuni.

Hatua ya kwanza: jua alikotoka

Hii haichukui muda. Otomo kazaliwa tarehe 14 Aprili 1954 mkoa wa Miyagi, kaskazini mashariki mwa Japani, sehemu za mashambani. Akiwa sekondari alikuwa anapanda treni masaa mengi kwenda mjini kuangalia sinema tu na kurudi, na alizokuwa anazipenda ni zile za Marekani za mwishoni mwa miaka ya 60 na mwanzoni mwa 70, vijana wanatangatanga na mapikipiki, hawana pa kwenda, mwisho mambo yanawaharibikia. Weka hilo kichwani maana utalikuta tena mbele.

Mwaka 1973 akaanza kuchapishwa kwenye gazeti la Manga Action la kampuni ya Futabasha. Kazi yake ya kwanza, Jusei, ilitokana na hadithi fupi ya Mfaransa Prosper Mérimée, yani toka siku ya kwanza alikuwa anachukua stori iliyoandikwa na kuigeuza iwe picha, ambayo ndo kazi ya muongozaji. Miaka iliyofuata akachora hadithi fupi fupi nyingi, za vijana wasio na ramani, wanamuziki, walevi, watu wa kawaida wa mjini. Angalia nyuso zao. Wakati ule manga nyingi zilikuwa na macho makubwa ya kung'aa, mtindo uliokuwa umeshika tangu enzi za mchoraji mkongwe Osamu Tezuka. Otomo akachora Wajapani wanaofanana na Wajapani, macho madogo, meno mabovu, nguo zimejikunja, na majengo nyuma yao yamepimwa kama ramani ya fundi. Alimpenda sana Moebius, mchoraji wa Ufaransa, na ukiangalia jinsi mistari yake ilivyo myembamba na safi utaona.

Kuna kazi moja ya 1979 inaitwa Fireball ambayo watu wengi wanairuka. Ni stori ya kompyuta kubwa inayoendesha mji na watu wenye nguvu za akili, na iliishia njiani, mwisho wake haukuwa ule alioutaka. Ukiipata isome hata haraka haraka, maana mbegu zote za Akira zimo humo, na kile kidonda cha kuishia njiani ndo kilimfanya kazi iliyofuata aipange mpaka ukurasa wa mwisho.

Hatua ya pili: soma Domu kabla ya kitu kingine chochote

Hapa naomba usiwe mbishi. Domu ndo mlango wenyewe. Ilitoka kwenye magazeti 1980 mpaka 1981, ikawa kitabu 1983, na mwaka huohuo ikachukua tuzo kubwa ya hadithi za kisayansi Japani, Nihon SF Taisho, na ndo ilikuwa manga ya kwanza kuipata. Ni kitabu kimoja tu, unamaliza kwa siku moja. Kwa Kiingereza kampuni ya Dark Horse ya Marekani iliwahi kuichapa miaka ya 90, sasa hivi nakala zake zinapatikana kwa kubahatisha kwa wanaouza vitabu vilivyotumika, au kwa mtu anaeweza kuazima kwenye maktaba za nje.

Stori ni hivi. Kuna eneo la maghorofa ya kupanga, yale maghorofa marefu ya serikali yanayofanana yote, na watu wanakufa kufa pale bila sababu. Polisi wanakuja, hawaelewi. Muuaji ni kizee mmoja, Cho, mwenye nguvu za akili na roho ya mtoto mtundu, anaua afu anachukua vitu vidogo vya marehemu kama vichezeo. Siku moja anahamia mtoto wa kike, Etsuko, na yeye ana nguvu zilezile.

Sasa soma hivi: mara ya kwanza soma kawaida ufurahie. Mara ya pili funika maneno yote, angalia picha tu. Utakuta unaelewa karibu kila kitu. Tafuta pale mtoto mchanga anapodondoshwa kutoka ghorofani. Otomo hakuchora mtoto anaanguka afu anadakwa, hapana, anakupeleka juu, anakurudisha chini, anakuonyesha umbali, afu mtoto anasimama hewani na ukurasa unanyamaza. Hizo zote ni sehemu ambazo kamera ingewekwa. Halafu kuna ule ukurasa mashuhuri ambao kizee Cho yupo mbele ya ukuta wa zege, na ukuta unabonyea kwa nyuma yake kama umegandamizwa na mpira mkubwa usioonekana, duara kamili, nyufa pembeni. Nguvu yenyewe hujaionyeshwa, umeonyeshwa alama iliyoiacha. Kabla ya hapo wachoraji walikuwa wanaonyesha nguvu kwa kuchora miale na umeme, na baada ya hapo nusu ya manga za vita zikaanza kubonyeza kuta.

Mwisho wake ni ugomvi mkubwa unaofanyika uwanja wa michezo wa watoto, mmoja kakaa kwenye benchi mwingine kwenye bembea, watu wanapita hawajui kinachoendelea. Hakuna mlipuko. Mimi nadhani ndo kurasa bora alizowahi kuchora maisha yake yote, na nikisema hivo najua Akira ipo.

Hatua ya tatu: manga ya Akira, vitabu 6

Hii ilianza Desemba 1982 kwenye gazeti la Young Magazine la kampuni ya Kodansha na kuisha Juni 1990. Ni kurasa zaidi ya 2,000. Usiogope, kurasa nyingi zina maneno machache au hazina kabisa, kitabu kimoja unaweza kukimaliza jioni moja.

Kabla hujanunua angalia toleo. Matoleo ya zamani ya Kiingereza yaligeuzwa yasomwe kushoto kwenda kulia, kwa hiyo michoro yote ni kama unaiangalia kwenye kioo, kulia imekuwa kushoto. Lile la kwanza kabisa Marekani la 1988, la Epic, tawi la kampuni ya Marvel, pia lilitiwa rangi na Steve Oliff kwa kompyuta, kitu kigeni kabisa kipindi kile, na rangi zake ni nzuri, lakini Otomo aliichora nyeusi na nyeupe na wino wake unatosha. Kama una uchaguzi chukua lile la boksi la Kodansha lililotoka 2017, linasomwa kulia kwenda kushoto kama Japani na sauti za milio zimebaki kwa Kijapani ndani ya mchoro. Kama unasomea kwenye simu, geuza simu ilale uone kurasa mbili kwa pamoja, maana Otomo anapenda sana kuchora tukio moja kwenye kurasa mbili zilizoungana, ukisoma moja moja umekata picha katikati.

Stori inaanza na mlipuko ulioifuta Tokyo, inaruka mpaka 2019 kwenye mji mpya, Neo-Tokyo, unaojiandaa kwa Olimpiki ya 2020. Kaneda na Tetsuo ni vijana wa genge la pikipiki (unakumbuka zile filamu alizokuwa anafuata kwa treni?), Tetsuo anapata ajali baada ya kukutana na mtoto mwenye sura ya kizee, jeshi linamchukua, na nguvu zinaanza kumtoka. Jina Kaneda na namba 28 ya Akira, mtoto ambae stori imebeba jina lake, vimetoka kwenye Tetsujin 28, manga ya zamani ya roboti kubwa ya Mitsuteru Yokoyama. Hata Kanali anaeongoza lile jeshi, na jeshi lenyewe, wanatokana na huko, mradi wa siri uliobaki toka vitani.

Sehemu ya kukaa nayo ni mwisho wa kitabu cha tatu. Sitasema kinachotokea, ila kurasa zinafuatana nyingi hakuna anaeongea, majengo tu yanapasuka, maji yanaingia, vioo vinamwagika, na kila dirisha limechorwa. Kwa mkono. Otomo alikuwa na wasaidizi lakini vigezo vilikuwa vyake, na pale unaona kwanini mtu kama huyu ilikuwa lazima aishie kwenye filamu, alikuwa anataka vitu viendelee kutembea na karatasi ilikuwa inamkatalia.

Soma vitabu vitatu vya kwanza afu simama. Ndiyo, simama, usiendelee na cha nne kwanza. Nitaeleza.

Hatua ya nne: filamu ndogo kabla ya ile kubwa

Watu wanadhani Otomo alitoka tu kwenye meza ya kuchora akaingia kuongoza filamu ya gharama kubwa. Sio kweli kabisa. Mwaka 1982 alijitengenezea filamu ya watu ya milimita 16 kwa hela yake mwenyewe. 1983 akabuni wahusika wa Harmagedon, filamu ya katuni iliyoongozwa na Rintaro, na pale akajifunza jinsi studio inavyofanya kazi na jinsi mawazo ya mchoraji yanavyobadilika yakipita kwenye mikono ya watu wengi. Ndo maana alipokuja kuambiwa Akira iwe filamu alikubali kwa sharti la kubaki na maamuzi yote ya ubunifu.

1987 akapata nafasi mbili ndogo. Ya kwanza iko ndani ya Neo Tokyo (jina tu, haihusiani na mji wa Akira), mkusanyiko wa filamu fupi tatu, yake ni ile ya mwisho, mfanyakazi wa ofisini anatumwa msituni Amerika Kusini kusimamisha ujenzi unaoendeshwa na maroboti, na roboti msimamizi hataki kusimama. Ya pili ni mwanzo na mwisho wa Robot Carnival, dakika chache tu, mashine kubwa kama jengo inatembea jangwani kutangaza burudani na inasaga kila kitu njiani. Angalia zote mbili siku moja. Utaona alikuwa anajaribu kitu kimoja kimoja, hapa uzito wa mashine, pale muda wa kuchekesha, na kwenye filamu kubwa vyote akavitumia.

Hatua ya tano: sasa angalia Akira, na uiangalie vizuri

Filamu ilitoka Japani tarehe 16 Julai 1988, dakika 124, studio ni Tokyo Movie Shinsha. Hela ilikuwa nyingi kiasi kwamba makampuni kadhaa yaliungana, Kodansha, Toho, Bandai na wengine, wakajiita Kamati ya Akira. Otomo alijaza daftari kurasa kama 2,000 za mawazo, akazipunguza mpaka ekonte ya kurasa 738, yani filamu nzima imechorwa kibox kwa kibox kabla hata fremu moja haijapigwa rangi. Hapo ndo umanga wake ulimlipa, maana waongozaji wengi wanachora vile vibox kwa kubahatisha lakini yeye alikuwa anakula mkate kwa kazi hiyohiyo. Script aliandika pamoja na Izo Hashimoto.

Namna ya kuangalia:

Lugha iwe Kijapani na maandishi chini. Hii sio kujifanya mjuaji, ina sababu. Japani kawaida katuni inachorwa kwanza afu waigizaji wanaingiza sauti juu yake. Otomo aligeuza, sauti nyingi zikarekodiwa kwanza na wachoraji wakafata midomo. Ukiweka Kiingereza ile kazi yote imepotea. Na ile ya kutafsiriwa na madijei, ambayo binafsi naipenda sana kwenye muvi za mapigano, hapa hapana kwa kweli, maana dijei lazima aongee muda wote na Akira ina sehemu inategemea ukimya.

Chumba kiwe giza na mwanga wa kioo uongeze. Sehemu kubwa ya filamu ni usiku, na kipindi kile studio zilikuwa zinakwepa usiku kwa sababu rangi zake ni ngumu na ghali. Walitumia rangi 327, na 50 kati ya hizo zilitengenezwa kwa ajili ya filamu hii peke yake. Ukiangalia kwenye kioo cha simu juani utaona weusi tu. Kama unaweza kupata ile iliyosafishwa kwa 4K ya 2020 ndo yenyewe.

Vaa hedifoni. Muziki ni wa kundi la Geinoh Yamashirogumi, wamechanganya ngoma za gamelani za Indonesia na uimbaji wa maigizo ya kale ya Noh, hakuna filamu inayosikika hivi.

Mwanzo wenyewe upo kimya: mji, upepo, tarehe, afu duara jeupe la mwanga linavimba taratibu juu ya Tokyo linakula majengo, hakuna mlio. Baadae kidogo wale vijana wanatoka na mapikipiki yao usiku. Angalia taa za nyuma. Pikipiki inaondoka lakini mstari mwekundu wa taa unabaki hewani nyuma yake kwa muda mfupi, kama picha iliyopigwa kwa kuacha kamera wazi. Macho ya binadamu hayaoni hivo, kamera ndo inaona hivo. Yani mchoraji anachora kwa mkono makosa ya lenzi, ili ubongo wako uamini kuna mtu alikuwa pale barabarani anapiga picha. Kwangu mimi hapo ndo penye Otomo mzima, na baadae Kaneda anapoilaza ile pikipiki nyekundu kwa pembeni na kusimama kwa kuteleza, sini ambayo anime za dunia nzima zimeiiga mpaka leo, ni hesabu hiyohiyo.

Hatua ya sita: rudi kwenye manga, vitabu vya nne mpaka sita

Sasa ndo utaelewa kwanini nilikusimamisha. Wakati filamu inatengenezwa manga ilikuwa haijaisha. Otomo alisimamisha kuchora 1987 akaingia studio, akarudi kwenye manga mwishoni mwa 1988. Kwa hiyo mtu huyohuyo ana miisho miwili ya stori moja, wa filamu ulitangulia na wa manga ulikuja miaka miwili baadae. Ukisoma kwa mpangilio huu unakuwa umeyapitia mambo karibu na jinsi yeye alivyoyapitia.

Chukua karatasi, gawa mbili, andika nani yupo upande gani na anafanya nini. Lady Miyako kwenye filamu anapita tu kama mhubiri wa barabarani, kwenye manga ni nguzo. Akira mwenyewe kwenye manga ni mtoto anaetembea na kukaa kwenye kiti cha ufalme, kwenye filamu (kama hujaiangalia ruka sentensi hii) ni mabaki yaliyohifadhiwa kwenye chupa. Nusu nzima ya pili ya manga, ile ya mji uliobomoka na dola la Tetsuo, filamu haikuibeba. Wanaosema filamu haieleweki hapo ndo wanapokwama, na wana haki, lakini ukitoka kwenye vitabu unaona alichofanya ni kuchukua uhusiano wa Kaneda na Tetsuo peke yake na kuusukuma mpaka mwisho, mengine akayaacha yapite nyuma kama mji unavyopita dirishani. Mimi naona kama filamu alichagua sawa, na kama stori kitabu kinashinda.

Hatua ya saba: miaka ya baadae, na hapa hauhitaji kila kitu

1991 akaongoza World Apartment Horror, filamu ya watu wenyewe, kuhusu jamaa wa kihuni anaetumwa kuwafukuza wapangaji wageni kutoka nchi nyingine za Asia kwenye jengo chakavu. Ni ngumu kuipata. Mwaka huohuo aliandika Roujin Z, ambayo aliiongoza Hiroyuki Kitakubo, mzee mgonjwa anafungwa kwenye kitanda cha kompyuta kinachomhudumia kila kitu. Inachekesha na inauma.

Ambayo hairuhusiwi kuruka ni Memories ya 1995, filamu tatu ndani ya moja, na yake ni ya mwisho, Cannon Fodder. Mji mzima kazi yake ni kupiga mizinga, baba ni mpakiaji mzinga, mtoto anaota kuwa mpigaji, adui hajawahi kuonekana. Dakika zaidi ya 20 na inaonekana kama imepigwa bila kukata hata mara moja, kamera inatoka chumbani, inashuka ngazi, inapita kituo cha treni, inaingia kiwandani. Mwaka 1995, michoro ya mkono. Hebu fikiria mtu amezoea maisha yake yote kugawa stori kwenye vibox, afu anaamua kutengeneza stori isiyo na kibox hata kimoja.

2001 akaandika script ya Metropolis, kutoka manga ya Tezuka, Rintaro tena ndo akaongoza. Steamboy ikatoka Julai 2004 baada ya kama miaka 10 ya kazi. England ya 1866, mashine za mvuke, mtoto fundi anaitwa Ray. Tafuta toleo refu la dakika 126, lile lililokatwa kwa ajili ya soko la nje limepunguzwa karibu dakika 20. Kusema ukweli stori yake haina moto wa Akira, wahusika wanaelezea sana, lakini chuma, mvuke na vioo vinavyopasuka hakuna aliyewahi kuvichora hivi. 2006 akaongoza Mushishi, filamu ya watu kutoka manga ya Yuki Urushibara, ikashindana kwenye tamasha la filamu la Venice, ni ya taratibu sana na imempa sura nyingine kabisa.

Malizia na Combustible, fupi ya 2012 iliyowekwa ndani ya mkusanyiko wa Short Peace 2013. Edo, yani Tokyo ya zamani, moto unashika mji wa nyumba za mbao, binti na kijana wa zimamoto. Imepangwa kama zile picha ndefu za Kijapani za kukunjua, unaangalia mji kutoka juu kwa pembeni na picha inatembea. Miaka 40 kwenye kazi na bado anatafuta namna mpya ya kumpitisha mtu kwenye picha.

Heshima zilikuja. 2013 serikali ya Japani ilimpa nishani ya utepe wa zambarau, na 2015 Angoulême, tamasha kubwa la katuni Ufaransa, likampa Grand Prix, tuzo yake kuu, Mjapani wa kwanza kuipata.

Hatua ya nane: mlinganishe na wenzake watatu

Hayao Miyazaki alikwenda njia ya kinyume, yeye alitoka kwenye studio za katuni. Wazo lake la filamu lilikataliwa kwa sababu halikuwa na manga, akaanza kuchora Nausicaä 1982, filamu ikatoka 1984, na manga akaimaliza 1994. Yale yale ya miisho miwili.

Satoshi Kon aliwahi kuwa msaidizi wa Otomo na stori ya World Apartment Horror ni yake. Aliandika pia Magnetic Rose, ile ya kwanza kwenye Memories, afu 1997 akaongoza Perfect Blue na manga akaiweka pembeni kabisa. Alifariki 2010 akiwa na miaka 46, na bado inauma.

Wa tatu ni Takehiko Inoue, mchoraji wa Slam Dunk, manga ya mpira wa kikapu. Manga iliisha 1996, katuni ya TV haikuwahi kufika mechi ya mwisho dhidi ya timu ya Sannoh, watu wakasubiri zaidi ya miaka 25. Desemba 2022 akaitoa mwenyewe kama filamu, kaandika mwenyewe na kuongoza mwenyewe, hakuwahi kuongoza filamu kabla ya hapo. Alichofanya ni kuhamisha stori kutoka kwa Sakuragi, mhusika mkuu wa manga, kwenda kwa Ryota Miyagi, mchezaji mwenzake mfupi, kwa hiyo hata aliyekariri manga alikaa kwenye kiti hajui kinachokuja. Angalia baada ya Akira uone wachoraji wawili walivyotatua tatizo moja, yani kutengeneza filamu ya kitabu ambacho watu wanakijua kwa moyo.

Hatua ya tisa: kazi ya mikono kwa wanaochora

Chagua tukio moja kwenye Akira lililopo kwenye manga na kwenye filamu, lile la kwanza la mapikipiki linafaa. Hesabu vibox kwenye manga. Afu angalia filamu, pause kila picha inapokatwa, chora kibox kidogo cha haraka, vijiti tu vinatosha, andika pembeni sekunde ngapi. Ukimaliza viweke pamoja. Utaona kuna vibox vya manga vilivyokufa, kuna vingine vimegawanywa mara tatu, na kuna picha za filamu ambazo kwenye manga hazikuwepo kabisa kwa sababu kitabu hakina sauti na hizo zimewekwa ili mlio upate pa kukaa.

Afu chukua stori yako wewe, fupi, kurasa 8 basi. Ichore bila maneno. Mpe mtu asiejua chochote aisome na wewe usiongee, muangalie macho tu, pale anaporudi nyuma kutafuta ujue kamera yako umeiweka pabaya, rudia ukurasa huo. Ikisomeka, piga picha kila kibox kwa simu, weka kwenye programu yoyote ya kuedit video, mpe kila kibox muda wake, na rekodi sauti kabla ya kupanga muda, kama walivyofanya 1988. Sauti ya mama anaita nje, bodaboda inapita, chochote kinachohusika. Unapata filamu ya dakika mbili ambayo haijatembea bado lakini makosa yote yameshaonekana, na kuyasahihisha hapo hakugharimu kitu. Usianze kuchora ile stori yako ndefu ya vitabu kumi mpaka umefanya hivi kwa stori fupi tatu nne na kila moja umeifikisha mwisho.